Vesta: asteroidi iliyogunduliwa na daktari wa Bremen, na mawe yake yaliyoangukia Afrika

Kila tunapozungumzia anga kwenye kipindi cha asubuhi, wasikilizaji wetu wa Vwawa, Mlowo na Tunduma huuliza jambo lilelile: kile kimondo cha Mbozi kilitoka wapi hasa? Jibu fupi ni kwamba kilitoka kwenye ukanda wa asteroidi, yaani mawe makubwa na madogo yanayozunguka Jua katikati ya njia ya Mirihi na njia ya Mshtarii. Jibu refu linahitaji mfano, na mfano mzuri kuliko yote ni asteroidi moja iitwayo Vesta. Kimondo cha Mbozi hakikutoka Vesta, na tutaeleza chini tunajuaje. Ila Vesta ni asteroidi ambayo tumepata kuitazama kwa karibu huku vipande vyake tukiwa navyo mkononi hapa duniani, na baadhi ya vipande hivyo vimeangukia bara letu.

Tuanze na neno lenyewe. Kwa Kiswahili tumezoea kuita kila kitu kinachopita angani na mwanga "kimondo". Wataalamu hutenganisha. Jiwe likiwa huko mbali likizunguka Jua, ni asteroidi. Likiingia kwenye hewa yetu likawaka, ule mstari wa moto ndio kimondo. Likifika chini bila kuisha lote, jiwe linalobaki nalo huitwa kimondo, na hapo ndipo watu huchanganyikiwa. Katika maelezo haya tutasema "asteroidi" kwa kile kilicho angani na "jiwe la kimondo" kwa kile kilichotua.

Ilivyogunduliwa

Mwishoni mwa karne ya 18 wanajimu wa Ulaya walikuwa wanasumbuliwa na nafasi tupu. Ukipanga sayari kwa umbali wake kutoka kwenye Jua, zinafuatana kwa mpangilio fulani, lakini kati ya Mirihi na Mshtarii kuna pengo kubwa mno. Wengi waliamini kuna sayari pale ambayo hakuna aliyeiona. Mwaka 1800 kikundi cha wanajimu kilikutana Lilienthal, karibu na mji wa Bremen huko Ujerumani, wakagawana anga vipande vipande ili kila mtu apekue sehemu yake, kama wanakijiji wanavyogawana pori kumtafuta mtoto aliyepotea.

Kabla hawajafika mbali, padri mmoja wa Palermo, Italia, Giuseppe Piazzi, akaona nukta isiyokuwa kwenye orodha yake ya nyota. Ilikuwa usiku wa Januari 1, 1801. Nukta hiyo ilisogea kidogo kila usiku, jambo ambalo nyota haifanyi. Akaiita Ceres. Baadaye ikapotea nyuma ya mwanga wa Jua, na ikapatikana tena kwa sababu kijana wa miaka 24, Carl Friedrich Gauss, alipiga hesabu ya njia yake kwa kutumia vipimo vichache alivyoviacha Piazzi. Mwisho wa mwaka ule Ceres ilikuwa mahali Gauss aliposema itakuwa.

Hapo ndipo anapoingia Heinrich Wilhelm Olbers. Huyu hakuwa mnajimu wa kuajiriwa. Alikuwa daktari wa magonjwa ya binadamu mjini Bremen, mchana anatibu wagonjwa na usiku anapanda ghorofa ya juu ya nyumba yake alikoweka darubini. Machi 28, 1802 aliona nukta ya pili, Pallas. Mwaka 1804 Karl Harding wa Lilienthal akaona ya tatu, Juno.

Sasa watu walitafuta sayari moja, wakapata tatu, zote ndogo. Olbers akatoa wazo: huenda palikuwa na sayari nzima pale, ikapasuka, na hivi ni vipande. Kama ni hivyo, alifikiri, kila kipande lazima kipite tena na tena mahali ule mpasuko ulipotokea. Akatafuta sehemu za anga ambako njia za vipande vile zinakaribiana, akazilinda usiku baada ya usiku kwa miaka. Moja ya sehemu hizo ilikuwa kundinyota la Mashuke. Machi 29, 1807, humo humo kwenye Mashuke, akaiona Vesta.

Tunapenda kukisimulia kisa hiki kwa sababu kina kitu cha ajabu ndani yake: wazo la Olbers halikuwa sahihi, na bado lilimfikisha penye kitu sahihi. Leo tunajua hakukuwa na sayari iliyopasuka. Ukizikusanya asteroidi zote za ukanda ule ukazifinyanga pamoja, hupati hata asilimia tano ya uzito wa Mwezi wetu. Tena mawe yake hayafanani. Mengine ni ya udongo na maji, mengine chuma, mengine lava iliyoganda. Yanayotoka kwenye chungu kimoja yasingetofautiana namna hiyo. Maelezo yanayokubalika sasa ni kwamba Mshtarii, kwa ukubwa wake na mvutano wake, aliyavuruga mawe yale wakati yalipokuwa yanajikusanya, yakaanza kugongana kwa nguvu badala ya kushikamana. Hiyo sayari haikupata nafasi ya kuumbika.

Olbers alimpa Gauss heshima ya kuchagua jina. Gauss, aliyekwisha kuwa hodari wa hesabu hizi kiasi kwamba njia ya asteroidi hii mpya aliimaliza kwa saa chache tu, akachagua Vesta, mungu wa kike wa jiko na nyumba kwa Warumi wa kale. Katika mji wa Roma moto wa Vesta uliwekewa wanawake maalumu wa kuutunza usizimike. Kwa hiyo, ukitaka kumweleza bibi nyumbani, ni asteroidi ya mafigani.

Kwa miaka mingi Vesta ilihesabiwa kuwa sayari kamili, na vitabu vya shule vya Ulaya viliiorodhesha pamoja na Dunia na Zohali. Ilikuwa ya nne, ndiyo maana hadi leo jina lake rasmi huandikwa 4 Vesta. Ya tano haikuonekana mpaka mwaka 1845. Baada ya hapo zikamiminika, na wanajimu wakaona haiwezekani kuita kila jiwe sayari. Leo asteroidi zinazojulikana zimepita milioni moja.

Ukubwa wake, kwa vipimo vyetu

Vesta ina upana wa wastani wa kilomita 525. Ukiondoka Dar es Salaam kwa barabara ukafika Dodoma, ukaendelea mpaka ukapita Bahi kidogo, umetembea upana wa Vesta. Si duara kamili. Imebonyea, kama chungwa lililokaliwa: upande mmoja ni kilomita 573, mwingine 557, na kutoka juu hadi chini ni 446 tu. Eneo la ngozi yake yote ni takriban kilomita za mraba 866,000, yaani pungufu kidogo ya Tanzania.

Kwa uzito, ni ya pili katika ukanda mzima. Ceres pekee, yenye upana wa kilomita 940, ndiyo inayoizidi. Karibu asilimia tisa ya uzito wote wa ukanda ule umo ndani ya Vesta peke yake. Na mawe yake ni mazito. Lita moja ya maji ina kilo moja. Ujazo kama huo wa Vesta una wastani wa kilo tatu na nusu hivi.

Hata hivyo mvutano wake ni hafifu. Gunia la mahindi la kilo 100 ukilibeba kule utahisi kama kilo mbili na nusu, na mtoto wa darasa la kwanza angelitupa juu. Hewa hakuna. Siku moja, kutoka mapambazuko hadi mapambazuko, ni saa tano na dakika ishirini. Mwaka wake ni miaka yetu mitatu na miezi saba au minane. Baridi ya usiku hukaribia nyuzi 190 chini ya sifuri.

Umbali wake kutoka kwenye Jua ni wastani wa kilomita milioni 353. Hata siku inapotukaribia kuliko siku zote, kati yetu na Vesta hubaki kilomita milioni 170 hivi. Tunaisema namba hii makusudi, kwa sababu kila baada ya muda husambaa ujumbe kwenye simu kwamba jiwe kubwa linakuja kuigonga Dunia mwezi fulani, na mara nyingine ujumbe huo hupambwa na picha ya Vesta yenyewe. Vesta haiji. Njia yake haikutani na yetu.

Jambo jingine ambalo filamu zimelipotosha ni msongamano. Watu hudhani ukanda wa asteroidi ni kama barabara ya Kariakoo saa kumi jioni. Ukweli ni kwamba kati ya jiwe na jiwe lenye ukubwa wa maana kuna mamia ya maelfu ya kilomita. Chombo kinaweza kupita pale bila kukwepa chochote.

Chombo kilichoenda kuiona

Kwa karibu miaka 190 baada ya Olbers, Vesta ilikuwa nukta. Miaka ya 1990 darubini ya Hubble, inayozunguka nje ya hewa ya Dunia, iliweza kuona umbo lake kwa ukungu, na ikaonyesha kitu cha kushangaza upande wa kusini: shimo pana karibu sawa na Vesta yenyewe.

Marekani kupitia shirika lake la anga, NASA, ikatengeneza chombo kiitwacho Dawn, maana yake alfajiri. Mradi huu nusura ufe. Mwanzoni mwa 2006 ulifutwa, na mwezi huohuo wa Machi ukarudishwa baada ya kupitiwa upya. Dawn iliondoka Septemba 27, 2007.

Injini yake inastahili neno. Haikuwa inachoma mafuta kwa moto na kishindo. Ilitumia umeme wa jua kurusha nyuma chembe za gesi iitwayo zenoni. Nguvu yake ya kusukuma ni kama uzito wa karatasi moja ukiilaza kwenye kiganja. Kutoka kusimama hadi mwendo wa kilomita 96 kwa saa ingehitaji siku nne. Bodaboda yoyote ingeiacha kwenye vumbi. Lakini bodaboda haiwezi kukanyaga mafuta miaka mingi bila kusimama, na huko angani hakuna hewa ya kuizuia. Tone kwa tone, Dawn ilijenga mwendo mkubwa, ikaifikia Vesta Julai 2011, ikaizunguka kwa zaidi ya mwaka mmoja, ikashuka hadi kilomita 210 juu ya ardhi yake, na kupiga picha zaidi ya elfu thelathini. Septemba 2012 ikaondoka kwenda Ceres, ikafika Machi 2015. Ndicho chombo cha kwanza kuzunguka dunia mbili za mbali katika safari moja. Mafuta yake ya kujigeuza yaliisha mwaka 2018, na mawasiliano yakakatika. Bado kinaizunguka Ceres, kimya.

Shimo la kusini

Wengi wetu neno "kreta" tumelijua kwa Ngorongoro. Ile ina upana wa kilomita zinazokaribia 20, na iliumbika pale mlima wa volkano ulipobomoka na kuzama. Kreta za Vesta ni za namna nyingine: ni makovu ya kugongwa.

Lile shimo la kusini lililoonwa na Hubble limepewa jina Rheasilvia, na upana wake ni kilomita 505. Jiwe lililoligonga lilikaribia kuivunja Vesta vipande. Katikati ya shimo, ardhi iliyobonyea iliruka tena juu kama tone la maji linavyoruka ukidondosha kokoto kwenye beseni, ikaganda ikiwa mlima. Mlima huo una kimo cha kilomita zipatazo 22 kutoka chini yake. Kilimanjaro chetu, kuanzia usawa wa bahari, ni mita 5,895. Panga Kilimanjaro tatu moja juu ya nyingine, bado hujafika kileleni. Ni miongoni mwa milima mirefu kuliko yote inayojulikana katika mfumo wetu wa Jua.

Pigo hilo lilitokea yapata miaka bilioni moja iliyopita. Chini ya Rheasilvia kuna kovu la zamani zaidi, Veneneia, lenye upana wa karibu kilomita 400. Maana yake upande uleule wa kusini ulipigwa mara mbili. Mtikisiko wa mapigo haya ulizunguka asteroidi nzima na kuacha mifereji kiunoni mwake. Mmoja, uitwao Divalia, una urefu wa kilomita 465, upana wa 22 na kina cha tano. Bonde la Ufa ni refu zaidi kwa mbali, lakini Bonde la Ufa liko kwenye Dunia yenye upana wa kilomita 12,700.

Kaskazini kuna kreta tatu zilizoshikana, moja kubwa, moja ya kati, moja ndogo, ambazo wataalamu wa Dawn walizifananisha na sanamu ya theluji inayofinyangwa na watoto wa nchi za baridi. Majina yake ni Marcia, Calpurnia na Minucia, ya wanawake wa Roma ya kale. Marcia peke yake ni kama Ngorongoro tatu kwa upana.

Ngozi ya Vesta kwa jumla ni angavu, inarudisha zaidi ya asilimia arobaini ya mwanga unaoipiga, tofauti na asteroidi nyingi zilizo nyeusi kama mkaa. Lakini humo kuna mabaka meusi. Hayo, kwa maelezo ya watafiti, si ya kwake. Yaliletwa na mawe mengine yenye kaboni yaliyoigonga, na pamoja nayo yakaja madini yaliyobeba maji.

Ndani kuna nini?

Hapa ndipo Vesta inapokuwa tofauti na jiwe la kawaida. Iliumbika mwanzoni kabisa, miaka bilioni 4.56 iliyopita, ndani ya miaka milioni chache ya kwanza ya mfumo wetu wa Jua. Wakati huo vumbi la angani lilikuwa bado lina alumini-26, aina ya alumini yenye mionzi ambayo hupungua nusu kila baada ya miaka laki saba hivi, ikitoa joto. Vesta iliijumuisha ikiwa bado mbichi, kwa hiyo ikapikika kutoka ndani. Ikayeyuka. Chuma, kwa uzito wake, kikazama katikati. Mawe mepesi yakapanda juu. Lava ikatoka nje na kuganda. Dunia yetu ilipitia hatua hizohizo.

Kwa sababu hiyo Vesta huitwa sayari changa iliyokwama, kijusi cha sayari ambacho hakikuendelea. Vipimo vya mvutano vilivyochukuliwa na Dawn viliwafanya wataalamu wakadirie kiini cha chuma chenye upana wa kilomita zipatazo 220.

Lakini mwaka 2025 jambo hili lilifunguliwa upya. Kundi la watafiti wa NASA na wenzao walirudia kuchambua data ya Dawn kwa umakini zaidi, wakatazama jinsi Vesta inavyoyumba inapojizungusha. Mayai mawili, moja bichi na moja la kuchemsha, ukiyazungusha mezani utayatofautisha bila kuyapasua. Kanuni yao inakaribiana na hiyo. Walichoona ni kwamba uzito ndani ya Vesta umesambaa kwa usawa kuliko tulivyodhani, na kiini, kama kipo, ni kidogo. Sasa kuna maelezo mawili mezani. Moja, Vesta ilianza kuyeyuka na kujipanga, ikapoa kabla kazi haijaisha. Pili, ni kipande cha sayari kubwa zaidi iliyovunjwa na mgongano, kipande kilichobeba ngozi ya lava bila kiini. Hili la pili lina harufu ya wazo la Olbers, ingawa si lilelile: yeye alizungumzia ukanda mzima, hawa wanazungumzia Vesta peke yake.

Sisi tunaona hili ndilo swali la kufuatilia. Tatizo ni mawe ya kimondo yanayotoka Vesta. Hayo yanaonyesha wazi kwamba yalitoka mahali palipoyeyuka vizuri na chuma chake kuondoka. Kila maelezo lazima yapatane na mawe hayo.

Mawe ya Vesta yaliyotua Afrika

Tunajuaje kwamba jiwe limetoka Vesta? Kila madini humeza rangi fulani za mwanga na kurudisha nyingine. Mwaka 1970 wanasayansi wa Marekani walipima mwanga unaorudishwa na Vesta, wakaulinganisha na mawe ya kimondo yaliyokuwa kwenye makabati. Vesta ikafanana na mawe yanayoitwa yukraiti, ambayo ni lava iliyoganda, ndugu wa karibu wa mawe meusi ya Rungwe, isipokuwa umri wake ni wa mwanzo wa mfumo wa Jua. Wapo ndugu zake wawili: dayojenaiti, lililoganda kina kirefu zaidi, na hawadaiti, ambalo ni mchanganyiko wa yote mawili yaliyopondwa na kugandamana tena. Katika kila mawe mia ya kimondo yanayoonekana yakianguka duniani, takriban sita ni ya ukoo huu.

Ilibaki shaka moja: yanafikaje huku? Mwaka 1993 watafiti walitangaza kwamba wamekuta msururu wa asteroidi ndogo zenye mwanga kama wa Vesta, zimetapakaa kuanzia Vesta hadi mahali fulani kwenye ukanda ambapo jiwe huzunguka Jua mara tatu kamili kila Mshtarii anapozunguka mara moja. Jiwe likifika hapo, Mshtarii hulivuta kila mara kwenye sehemu ileile ya njia yake. Ni kama kumsukuma mtoto kwenye bembea: sukuma kidogo, lakini kwa wakati wake, na bembea itapanda mpaka mtoto apige kelele. Njia ya jiwe hurefuka, na hatimaye hukatiza njia ya Dunia. Hubble ilipoliona lile shimo la kusini, miaka michache baadaye, chanzo cha msururu kikajulikana.

Aprili 22, 1942 jiwe moja la ukoo huu, hawadaiti, lilianguka karibu na Kapoeta, katika nchi ambayo leo ni Sudan Kusini, si mbali na mpaka wa Kenya. Lilikuwa na uzito wa zaidi ya kilo 11. Jiwe la Kapoeta limekuwa miongoni mwa mawe yanayochunguzwa zaidi duniani, kwa sababu chembe zake zilikaa juu ya ngozi ya asteroidi zikipigwa na upepo wa Jua, na kuhifadhi kumbukumbu ya Jua la zamani.

Kisa cha Botswana ni kipya zaidi. Asubuhi ya Juni 2, 2018 darubini ya Arizona, Marekani, iliona asteroidi ndogo, upana wake si zaidi ya mita mbili, ikija moja kwa moja. Saa nane tu baadaye, saa kumi na mbili na dakika 44 jioni kwa saa za Botswana, iliwaka juu ya nchi hiyo. Watafiti wa Botswana na wenzao wa nje walitembea mbugani Kalahari, kwenye hifadhi yenye simba na chui, na Juni 23 wakaokota jiwe la kwanza, dogo, gramu 18. Baadaye yalifika 23. Nayo ni hawadaiti. Kwa kupima alama zilizoachwa na mionzi ya angani, waligundua kwamba lilikuwa likielea peke yake kwa miaka milioni 23 hivi kabla ya kutua. Mawe hayo yanaitwa Motopi Pan.

Na Mbozi? Kimondo chetu ni chuma tupu, asilimia tisini hivi, kilichobaki kikiwa zaidi nikeli. Vitabu vingi huandika uzito wa tani 16, vingine 12. Mawe ya Vesta ni lava, karibu hayana chuma cha namna hiyo. Chuma cha Mbozi kiliyeyukia ndani ya asteroidi nyingine, ambayo ilivunjika hadi moyoni. Na kuna jiwe la tatu ambalo watu wa mkoa wetu wengi hawalijui: Desemba 16, 1938, Ivuna, upande wa Ziwa Rukwa, liliangukia jiwe laini lenye kaboni na maji ambalo halijawahi kuyeyuka kabisa. Ni nadra kiasi kwamba wanasayansi wa dunia nzima hutumia jina Ivuna kutaja aina hiyo yote. Mawe mawili, mkoa mmoja, na hadithi zinazopingana: moja lilipikwa mpaka chuma kikajitenga, jingine halikuguswa na moto.

Ukiokota jiwe, na ukitaka kuiona Vesta

Kuna wanunuzi wanaopita vijijini wakiwaambia watu kwamba jiwe likivuta sumaku ni kimondo, lisipovuta ni takataka. Msikubali haraka. Mawe mengi ya kimondo huvuta sumaku, kweli, lakini ya Vesta huvuta kidogo sana au hayavuti kabisa. Na mawe ya kawaida ya madini ya chuma huvuta sumaku bila kuwa na uhusiano wowote na anga. Dalili bora kwa jiwe lililoanguka karibuni ni ngozi nyeusi, nyembamba kama ganda la yai, inayofunika jiwe lote. Kwa yukraiti ngozi hiyo hung'aa kama iliyopakwa rangi ya mafuta, na ndani jiwe ni la kijivu. Halina vitundu vya mapovu kama jiwe la volkano. Ukiliokota, usilivunje wala kuliosha. Andika mahali, siku na saa, lipige picha lilipo, kisha toa taarifa kwenye ofisi ya kijiji kabla hujazungumza bei na mtu yeyote.

Kuiona Vesta yenyewe huhitaji bahati ya mahali kuliko fedha. Ndiyo asteroidi inayong'aa kuliko zote, na kila baada ya miezi 16 au 17 Dunia hupita katikati yake na Jua. Katika baadhi ya vipindi hivyo, kama Juni 2018, huweza kuonekana kwa macho matupu, ikiwa nukta hafifu kama nyota ndogo. Mkazi wa mjini hataiona kwa sababu ya taa. Kijijini, usiku usio na mbalamwezi, inawezekana, na darubini ya mkononi ya kutazamia wanyama inatosha kabisa. Chora nyota unazoziona mahali hapo kwenye karatasi, rudi usiku wa tatu au wa nne uchore tena. Ile iliyosogea ndiyo yenyewe.

Zamu nyingine itakapokaribia tutatangaza mapema kwenye kipindi cha asubuhi, pamoja na upande wa anga wa kutazama na saa ya kutoka nje.